Diski Iliyobadili Lugha Darajani

Mwaka niliofaulu mtihani wa kuingia sekondari, nyumbani kwetu Kamembe, mji wa mpakani, kulikuwa na mali ya aina moja tu iliyoweza kuuzika, nayo ni michezo ya video. Mbuzi hatukuwa nao. Shamba letu la Giheke lilikuwa na mihogo michanga ambayo haikujali kama shule zimefunguliwa au la. Zilibaki diski za kaka yangu, zimejaa kwenye boksi la biskuti, na mimi nilitakiwa kupata minerval, yaani karo, pamoja na godoro, kwa kuwa shule niliyopangiwa ilikuwa ya bweni na bweni halikumpokea mtoto asiyekuja na godoro lake.

Kaka yangu aliendesha banda la michezo nyuma ya nyumba: mbao, televisheni moja, benchi, na kitenge mlangoni ili jua lisipige kioo. Mashine na diski alizinunua Bukavu kwa mtu aliyekuwa akihama kwa haraka. Miaka ile ya vita watu wa kuhama kwa haraka hawakukosekana. Sisi wenyewe tulikuwa tumehama hivyo hivyo. Wazazi wangu walikulia Bukavu, nasi watoto tukazaliwa huko, mpaka siku majirani walipoanza kuulizana nani ni nani, tukavuka mto Rusizi kuingia nchi tuliyoambiwa siku zote kuwa ni yetu na ambamo hatukuwahi kulala hata usiku mmoja. Papa alipofika mwisho wa daraja alisema, "Minavuka, minavuka." Tangu hapo hakurudi ng'ambo, ingawa ukisimama mwisho wa uwanja wetu uliona mabati ya Bukavu yakimetameta.

Basi Jumamosi moja baada ya chakula, mimi na kaka tulizimwaga diski kitandani kwa wazazi tuchague za kuuza. Niseme mapema kwamba napenda kupanga vitu na sipendi kupingwa nikiwa napanga. Kaka naye alikuwa na kanuni moja tu: tuuze zile zinazokwama.

"Nani atanunua inayokwama?" nikamuuliza.

"Muntu asiyejua kama inakwama."

"Na kesho akikuya na kaka zake?"

Hapo akazisukuma kwangu, maana kaka za watu wa Kamembe aliwajua. Zilizokwama nikazitupa chini ya kitanda. Fungu la pili likawa la michezo ambayo hakuna aliyeielewa: mmoja wa ndege, ambamo kila mtu aliangusha ndege kabla haijaacha ardhi, na mmoja wa kuvua samaki, ambamo uliketi ukitazama maji mpaka usingizi ukushike. Fungu la tatu ndilo lililotulisha: magari, ngumi, na mpira.

Nilitaka tuuze fungu la pili. Tatizo lilikuwa lile lile wazee wetu walilokwisha kulisema, kwamba kizuri chajiuza na kibaya chajitembeza. Kaka alikuwa ameutembeza ule wa samaki hadi Nkungu na akarudi nao, miguu imejaa vumbi. Aliyeuona alicheka, akauliza kama samaki wenyewe wanaliwa.

"Basi tuuze mupira," nikasema.

Kaka akaichukua ile diski ya mpira, akaikalia.

Sikumlaumu. Mpira ndio uliokuwa mfalme wa banda, na ufalme wenyewe ulitoka kwa Papa. Bukavu alikuwa mtangazaji wa mechi kwenye kiwanja cha parokia, akizunguka na kipaza sauti chake cha betri, na watu walisema mechi mbovu ikitangazwa na yeye inageuka nzuri. Kamembe alikuwa amenyamaza. Kinyarwanda chake kilinuka Bukavu, na mamantilie wa sokoni walikicheka, bila ubaya, lakini yeye hakuwa mtu wa kuchekwa mara mbili. Siku nyingine alishinda na sisi kutwa nzima asitoe maneno ya kujaza kikombe. Nilimwonea huruma, na pia alinikasirisha, kwa sababu sikuzoea baba wa namna hiyo.

Kisha siku moja aliingia bandani kutafuta nyundo, akakuta mechi inachezwa. Diski ilikuwa ya Kijapani, majina ya wachezaji hayasomeki, na ndani yake kulikuwa na Mjapani anatangaza mtu asielewe. Papa alisimama na nyundo mkononi, akatazama, mdomo ukafunguka wenyewe. Alitangaza hadi mwisho. Tangu siku hiyo kaka aliizima sauti ya yule Mjapani, na Papa akapata kreti yake ya kukalia karibu na televisheni. Wachezaji aliwapa majina ya mtaani. Winga wa kushoto alikuwa Fundi Viatu, kwa sababu ya mwendo wake wa upande. Kipa akawa Katekista, hapitwi na kitu. Namba kumi alikuwa Maman Sambaza, muuza dagaa wetu, anayeteleza popote penye watu. Hakuna aliyelalamika kwamba mwanamke anacheza kati ya wanaume, na mwenyewe alipita kila jioni kuuliza amefunga mangapi.

Na mimi niliomba jezi. Niliomba zaidi ya mara moja, na si kwa upole.

"Weye ungali ku banc," Papa alinijibu. "Ngoja kocha akuite."

Nilisusa. Fundi Viatu, ambaye hata hakuwa ndugu yetu, alikuwa uwanjani, na mimi binti wa mwenye kutangaza niko benchi.

Siku chache baada ya kubishania diski kitandani, akaja mnunuzi. Alikuwa maman mmoja wa Bukavu, mfanyabiashara aliyevuka kila asubuhi na vitenge na kurudi jioni na alichopata. Kwake, mtaa wa Nguba, alikuwa na kibanda cha soda na chapati, na mkwe wake alikuwa amemletea mashine kama yetu ili kuvuta wateja. Alitaka diski. Bandani hakuingia, alisema si mahali pa mwanamke mwenye wajukuu. Aliketi kwenye kigoda nje ya pazia, akaniagiza nimletee mali aione.

Nilimletea fungu la pili lote. Maman yule alikagua diski namna alivyokagua vitenge: alilowesha kidole kwa mate, akasugua pembeni aone kama rangi inatoka, akaziinua kwenye jua, akazinusa. Ya ndege akairudisha. Ya samaki akaigeuza mara mbili.

"Hii iko na nini?"

"Samaki, Maman. Unavua polepole."

"Samaki niko nayo mu ziwa pale," akasema, akaniwekea mapajani.

Wakati huo huo ndani ya pazia Papa alikuwa kazini. Maman Sambaza alikuwa amempita beki, Fundi Viatu anaita mpira, banda linatetemeka. Yule maman akaacha kusugua. Alisikiliza, kichwa kimeinama, na nikaona mguu wake unacheza. Bao lilipoingia alipiga paja.

"Ile njo ninataka," akasema. "Ile yenye kusema Kiswahili ya kwetu."

Kaka alitoka, akakataa. Maman akapandisha bei. Kaka akakataa tena, safari hii kwa sauti ndogo zaidi. Nilikuwa namtazama huku nikipiga hesabu, maana kwa bei ile minerval ilitosha na godoro lingekuwepo. Ndipo pazia likafunguka, Papa akatoka na diski ikiwa bado ina joto la mashine, akaifuta kwa shati lake na kuitia kwenye kikapu cha maman. Alirudi ndani, na tukasikia sauti ya ule mchezo wa magari ukiwashwa.

Nililipiwa minerval wiki ile ile. Godoro lilinunuliwa, la maua mekundu, nikalilalia hapo hapo ingawa Maman yetu alinikataza nisilichoshe kabla ya safari. Nilijiona mtu mkubwa.

Siku ya nne, yule maman akarudi. Tulimsikia kabla ya kumwona. Aliitoa diski kwenye kikapu na kuiweka mezani mbele ya Papa na Maman na sisi wote.

"Minakuya kurudisha kintu yenu," akasema. "Hii diski inabadilisha luga ku daraja. Hapa ilikuwa inasema Kiswahili. Minafika Nguba, inasema Kichina."

Hakuna aliyeelewa mwanzoni. Akaendelea kueleza jinsi alivyoalika watu, akaweka viti, akakaanga chapati za kutosha, na mkwe wake alipoiwasha akatoka mtu mmoja anafoka kama anayefukuza mbuzi kwenye mihogo. Wateja walimcheka. Walimuuliza tangu lini amefungua kibanda cha Wachina.

"Mukwe yangu anasema pengine kuna kifungo ya luga. Tulibonyeza yote. Haiko. Basi munirudishie makuta yangu."

Kaka alinitazama, nami nikatazama mlango wa chumba, ambamo makuta yake, yaani pesa zake, yalikuwa yamelala, yana maua mekundu. Mengine yalikuwa shuleni, na shule hairudishi. Niliingia chumbani, nikakaa juu ya godoro langu. Sioni haya kusema kwamba nililishika kwa mikono miwili.

Nikiwa pale nilimsikia kaka akimpa maman magari, ngumi, hata ndege kwa nyongeza, na samaki bure. Alikataa vyote. Halafu Papa akakohoa.

"Maman," akasema, "ile sauti ni yangu."

"Sauti gani?"

"Ile ulisikia. Haiko mu diski. Iko mu shingo yangu hapa."

Maman alimtazama kwa mashaka, kama kitenge alichoambiwa hakichuji. Akamwomba aseme kitu. Nilichungulia mlangoni. Papa alisimama, akavuta pumzi, akaanza: "Anaingia sasa Maman wa Nguba, anaingia na hasira, kikapu ku kichwa, anapita askari wa douane wa kwanza, anapita wa pili, hakuna wa kumusimamisha, anafika mu nyumba ya bantu, anapiga diski ku meza..." Maman yetu ilibidi akae chini kwa kicheko. Mgeni alijizuia, akajizuia, mwishowe akajifunika uso kwa khanga na mabega yakaanza kutikisika.

Alipojifuta machozi alikuwa amekwisha amua. "Diski bila weye ni kisahani. Makuta sitaki tena. Ukuye siku ya Mungu nyuma ya misa, utangaze. Ukikataa, munirudishie."

Kicheko kikaisha pale pale. Sote tulijua maana yake: kulivuka tena daraja. Papa hakuogopa askari wa mpakani. Alikuwa na karatasi zake. Aliogopa kukutana na mtu aliyekuwa akimsalimia kila asubuhi kisha akaacha. Aliwahi kumwambia Maman yetu hivyo, nami nilisikia. Nilitaka kutoka niseme basi, chukueni godoro, nitangoja mwaka mwingine. Nilitaka kweli, lakini sikutoka.

Papa aligeuka akaniona mlangoni. Akaliona na godoro nyuma yangu.

"Siku ya Mungu saa ngapi?" akauliza.

Sikuwepo Jumapili ile; nilikuwa nimeshaondoka na godoro limefungwa kamba mgongoni mwa pikapu. Habari nilizipata likizo ya kwanza, kwamba alivuka na tangu hapo anavuka kila Jumapili, na niliporudi nilimkuta mtu mwingine. Papa alizungumza wakati wa kula, akatuchosha. Sokoni alijibizana na wale mamantilie kwa Kinyarwanda chake chenye harufu ya Bukavu, nao wakawa wanamchokoza ili aendelee. Bandani alitangaza hata ule mchezo wa samaki, na ungeona vijana wamesimama wanamshangilia mtu anayeketi kando ya maji asifanye kitu. Kaka aliacha kabisa habari ya kuuza diski. Alisema hajui tena ipi mbaya.

Jumapili nikaomba kumsindikiza. Tulishuka hadi darajani baada ya misa. Katikati ya daraja alinishika mkono, ingawa nilikuwa nimekua, na upande wa pili mzee mmoja muuza mkaa alivua kofia akamsalimia kwa majina yake yote. Papa akaitikia. Nilihesabu kuwa huyo ni mmoja wa wale walioacha, kwa jinsi walivyoshikana mikono muda mrefu bila kutazamana.

Kwa maman wa Nguba palikuwa pamejaa mpaka barabarani. Nilipewa kiti cha mbele na chapati ya moto. Papa akakaa kwenye kreti kama ile ya nyumbani, akasafisha koo, mechi ikaanza. Fundi Viatu alikuwepo. Katekista alikuwepo golini. Nikamngoja Maman Sambaza, na namba kumi alipogusa mpira, umati wote ukainuka kabla Papa hajatamka.

"Mwanafunzi," wakaita.

"Mwanafunzi anapata mupira," Papa akasema, bila kunitazama. "Alikuwa ku banc siku mingi. Anapita wa kwanza. Njia yote ni yake."

Chapati ilinipoa mkononi. Karibu nami kijana nisiyemjua alikuwa akipiga kelele mpaka mishipa inamsimama, akimsihi huyo Mwanafunzi asirudi nyuma.