Juzuu la Tatu Larudi Makadara

Mmeniuliza sana, nyinyi wa hapa Luanda, ilikuwaje nikaenda Nairobi na kitabu kimoja nikarudi na viwili, wakati wenzangu wakienda huko hurudi na viatu. Basi nitasimulia tangu mwanzo, mradi msinikatize.

Baba yangu, Mzee Kefa, alikuwa fundi wa breki za mabehewa ya reli, na mimi nililelewa Makongeni, kule Nairobi, kwenye nyumba za wafanyakazi wa reli. Zamani hizo mchuuzi mmoja alipita mitaani akiuza vitabu vinne vinene vya historia ya mataifa ya Afrika, vimepangwa kwa alfabeti, kila taifa na kurasa zake. Hakuna aliyeweza kununua vyote peke yake. Baba akaungana na marafiki zake watatu, kila mmoja akaweka juzuu moja kwake. Waliwekeana sharti: mwenye kutaka kusoma aende kwa mwenye juzuu, anywe chai, asome pale pale mezani. Kitabu hakivuki mlango. Na atakayehama Nairobi amwachie mwenzake juzuu lake.

Aliyetunga sharti hilo alikuwa Mzee Oloo, karani wa kaunsili, ambaye yeye na baba walikuwa chanda na pete. Oloo alishika juzuu la kwanza. Nakumbuka utotoni nilisikia Luanda imo humo, nikaenda kwake kuisoma, nikalia nilipoonyeshwa kuwa ni mji wa Angola, si hii yetu. Baba alikuwa na la tatu, lenye Kenya. Na siku aliyostaafu, baba yangu mpendwa alilifunga hilo la tatu ndani ya blanketi akaja nalo hapa nyumbani. Alisema alitoa pesa zake. Tangu siku hiyo Oloo hakumsalimia tena. Hata mama alipofariki, sote tulitazama barabarani siku zote za matanga, na Oloo hakutokea.

Mwaka huu macho ya baba yalikataa kabisa herufi ndogo. Asubuhi moja akaniita.

"Ayuma, kirudishe kwa Oloo. Kimekaa na mtu asiyekiona."

"Twende wote, baba."

"Mimi hatanifungulia mlango. Wewe atakufungulia."

Nilikubali, lakini sikwenda kwa ajili ya kitabu. Niliogopa wazee wawili niliowapenda wangekufa wamenuniana, na kila nikifikiri hivyo nilipandwa na hasira.

Ijumaa alasiri nilikuwa stesheni ya Luanda. Mnajua mimi ni fundi wa nguo, kwa hiyo kitabu nilikishonea mfuko kwa mabaki ya sare za shule. Baba hataki kusikia habari ya basi, kwake safari ni treni, basi nikapanda ile inayotoka Butere, na Kisumu nikabadilisha. Katika behewa la daraja la tatu mama mmoja aliuangalia mzigo wangu mapajani.

"Hiyo ni Biblia ya wapi, kubwa hivyo?"

"Si Biblia, mama. Ni historia ya Afrika."

"Yote?"

"Kuanzia Kenya mpaka Niger."

Alisogeza beseni lake la samaki ili Kenya ipate nafasi nzuri.

Jumamosi asubuhi tulifika Nairobi, na kutoka stesheni nikatembea mpaka soko la Kariokor, kwa sababu baba aliniagiza nianze kwa Mzee Kisia. Huyu ndiye mwenye juzuu la pili. Anashona ndara za matairi, na sokoni pale hakuna anayemwita Kisia.

"Ghana, una mgeni," jirani yake alipaza sauti nilipouliza.

Juzuu la pili ndilo lenye Ghana, na wateja wake wamezoea kumuuliza mambo ya huko huku wakipima ndara. Alinitazama, akautazama mfuko, akaweka kisu chini.

"Ni la tatu hilo?"

"Ni lenyewe, mzee."

"Wewe Ayuma, kwa Oloo huwezi kwenda peke yako. Nitakusindikiza. Na usitaje kitabu kabla hujala."

Alimwachia jirani meza yake, akabadilisha shati. Mimi nilicheka moyoni kuona mtu anavaa shati la kanisani ili kurudisha kitabu, lakini nami nilikuwa nimefunga kitambaa changu kizuri.

Kufika saa ya chakula cha mchana tulikuwa Makadara, baada ya basi kutupitisha Jogoo Road mpaka karibu na mahakama. Mlango ulifunguliwa na Atieno, binti ya Oloo, rafiki yangu wa kuruka kamba, sasa mama mzima mwenye kibanda cha kusuka nywele.

"Wacha basi. Ni wewe, Ayuma? Sasa, msupa. Ingia, buda ako ndani."

Buda ndiyo baba kwa lugha ya mtaani. Mzee Oloo alikuwa amezeeka kwa namna iliyonichoma moyo. Alinisalimia kwa mikono miwili, akaniuliza habari za mazao, za mvua, za watoto wangu, na ya baba hakuuliza. Tukala ugali, sukuma na nyama. Kisia alikula kama mtu anayengoja kuitwa na daktari. Tulipomaliza nikauweka mfuko mezani, nikasema maneno niliyofundishwa: "Baba anakusalimu, na anarudisha."

Mzee Oloo alinawa tena mikono, akaikausha, akakitoa kitabu na kupitisha kiganja juu ya jalada jekundu.

"Kimetunzwa," alisema. "Na mwenyewe?"

"Hajambo. Ni macho tu yanayomsumbua."

"Sikuuliza macho. Nimeuliza mbona hakuja."

Kisia akakohoa. Mimi nikaamua kusema kweli.

"Anaona haya, mzee."

Alikirudisha kitabu mfukoni bila kukifungua. "Leo hulali kwingine. Kesho kutwa ndiyo utaondoka. Kesho ni Kenya."

Sikuelewa neno hilo. Tulipokuwa tukiosha vyombo, Atieno alinifafanulia.

"Unajua watoi wa mtaa wakipewa homwaki shule wanakuja hapa. Wakitaka Ethiopia, iko hapa. Ghana, waende Kariokor. Zambia iko Pipeline kwa Sista Dorika, na hapo ujipange, ni floo ya tano. Sasa Kenya ndio haikuwa na kitabu, si babako alienda nayo? Buda akaona haiwezekani watoto wajue kila mahali isipokuwa kwao. Akaita wazee walioona vitu wakuje waseme wenyewe. Ndio mpaka wa leo, kila Jumapili."

Jumapili baada ya kanisa, uani kwa Mzee Oloo pakajaa. Kulikuwa na benchi la kuazima, viti vya sebuleni, na vijana wameketi juu ya ndoo walizozipindua. Sista Dorika, yule wa Pipeline, muuguzi mstaafu mwenye juzuu la nne, alikuja na fimbo yake akasimulia siku aliyoanza kazi ya wodi, walivyokatazwa kuingia na viatu vyao wenyewe. Mzee mmoja aliyechimba mitaro ya maji machafu alieleza mtaa huu ulikuwa nini kabla ya nyumba. Hakuna aliyesoma kwenye karatasi. Msichana mmoja wa sekondari aliandika mpaka kalamu ikaisha wino, akaazima nyingine.

Kisha kijana wa nyuma akauliza, "Na reli je, buda? Kila wiki mnairuka."

"Reli ina mwenyewe," Mzee Oloo alisema. "Inamngoja Kefa."

Miaka yote hiyo nilidhani wanamsema vibaya, kumbe wamemwekea nafasi.

"Si huyu ni binti yake?" Sista Dorika alisema. "Atuanzie."

Nikasimama. Nilisema baba alikuwa fundi wa breki, na kwamba alirudi jioni akinuka grisi hata sabuni ikashindwa. Msichana yule akauliza breki ya behewa hufanyaje kazi. Sikujua. Akauliza ilikuwaje zikikatika mlimani. Sikujua pia. Niliketi, nimetahayari, nimemkasirikia baba kwa kutoniambia, na kujikasirikia mwenyewe kwa kutouliza.

Mzee Oloo hakuniacha niteseke. Alikitoa kitabu mfukoni, akatafuta ukurasa, akatusomea habari ya reli huku akiitafsiri. Ilianzia pwani na kufika ziwani kabla chai haijapoa. Majina ya wakubwa yalikuwemo. Mtu aliyelala chini ya behewa akikaza breki hakuwemo.

"Kitabu hakijakosea," alisema, akikifunga taratibu. "Kimefupisha tu. Mimi nataka hao waliofupishwa."

Jumatatu jioni Kisia alikuja kunisindikiza stesheni. Nilipokuwa nikiaga, Mzee Oloo alinishika mkono asiuachie.

"Nilikuja kumzika mama yako. Nilifika Luanda. Nikashuka, nikaketi stesheni, nikaona hasira bado ninayo, na matangani si mahali pa kwenda nayo. Treni ilipogeuza nikarudi. Hilo ndilo ninaloliona baya, si la kitabu."

Nililia, sifichi. Yeye akaenda kabatini, akatoa juzuu la kwanza, akaliingiza ndani ya mfuko wangu pamoja na la tatu. Mshono ulilalamika lakini ulishika. Akaubeba mpaka nje akanikabidhi barabarani.

"Oloo," Kisia alisema, "kitabu kimevuka mlango."

"Naona. Mwambie Kefa avirudishe vyote viwili yeye mwenyewe, mimi mgongo wangu haubebi. Na macho yasimtie hofu, hapa tunatumia masikio. Mtoto akija kuuliza Ethiopia, nitamwambia iko kwa Kefa."

Jumanne mchana nilikuwa nyumbani. Baba alikuwa amekaa nje ya jikoni, uso ameuelekeza njiani. Nilimpakatisha mfuko. Aliupapasa, akashtuka kwa uzito, akatoa kitabu cha juu na kutafuta kona iliyotafunwa na panya.

"Hiki ni cha Oloo."

"Ndiyo."

"Kimevuka mlango?"

"Amekitoa kwa mkono wake."

Nikamweleza yote, mpaka ile habari ya stesheni. Alisikiliza, vidole bado vikiwa juu ya ile kona.

"Aliketi benchi gani?" akauliza mwishowe.

"Hakusema, baba."

"Lazima ni lile karibu na mwembe. Pale kuna kivuli."

Sasa mtaniuliza nimejifunza nini. Nimejifunza kwamba nilikaa nyumba moja na historia ya Kenya tangu utoto wangu, nikaifuta vumbi kila Jumamosi, na fundi aliyezifikisha treni salama nikampikia uji tu bila kumuuliza neno. Hilo linaniuma, na ndilo lililonifanya jioni ile ile nivute kigoda karibu naye.

"Baba, breki ya behewa hufanyaje kazi?"

Alicheka kicheko ambacho sikuwa nimekisikia tangu mama atuache.

"Ngoja Jumapili," alisema. "Nikikwambia sasa, kwa Oloo nitasema nini?"