Siku Dada Alipokuja Kumwita Redio

Jina la Redio alipewa na baba yake mwenyewe, na hakupewa kwa mapenzi. Baba mtu alikuwa fundi mwashi, mikono imeliwa na chokaa, maneno yake ya kuhesabika. Mkewe alifariki mapema, akamwachia watoto wawili: binti aliyekuwa anakaribia kumaliza shule ya msingi, na kitoto cha kiume ambacho ndiyo kwanza kinaota meno. Binti akageuka mama wa mdogo wake. Yule mdogo naye akakua akisema tangu anapofumbua macho mpaka usingizi umchukue, na alipomaliza shule baba akamkabidhi ndoo na koleo, akaenda naye kazini.

Walifanya kazi pamoja miaka minne, hadi walipopata kibarua cha kukarabati ukuta wa ngome ya zamani. Watalii walipita pale kila siku, na mwongozaji wao alikuwa akiwachanganyia habari: leo ngome ina miaka mia mbili, kesho ina mia nne. Kijana alikuwa akimsikia kutoka juu ya jukwaa la mafundi, anashindwa kuvumilia, anateremka na vumbi lake kuwasahihishia. Haukupita mwezi wageni wakawa wanamtafuta yeye. Ofisi ya safari ikamwita ikampa kazi.

Siku alipokwenda kuaga, baba yake alikuwa juu ya jukwaa, mafundi wenzake wamemzunguka.

"Nilidhani nimezaa mwana," mzee alisema, "kumbe nimezaa redio."

Mafundi wakaangua kicheko. Kijana, kwa uchungu wa kuchekwa, akajibu kwamba redio angalau ina watu wa kuisikiliza. Kicheko kikakatika. Baba akampa kisogo, akaendelea kupanga mawe yake, na wakaachana hivyo. Jina likabaki. Hata wageni walimwita hivyo, wakidhani ni sifa.

Mwaka wa pili zililetwa habari kwamba mzee yu taabani. Redio aliomba ruhusa, akasafiri saa mbili roho mkononi, akamkuta mgonjwa juu ya ngazi akipiga lipu ukuta wa jirani. "Umefika," mzee alisema bila kugeuka. "Kamata ndoo." Redio aligeuza siku ileile. Njia nzima alikuwa akijiapia kwamba hadanganywi tena. Akabadilisha namba ya simu. Dada yake aliipata hata hivyo, ila akipiga, mdogo wake alijifanya hamnazo. Akiandika, kijana alisoma maneno mawili matatu ya mwanzo na kufunga.

Ikapita hivyo mpaka Alhamisi moja, mwaka wa sita.

Ofisi ya safari ilikuwa chumba kimoja kati ya kinyozi na duka la viatu. Asubuhi hiyo Redio alisimama mlangoni mwa basi dogo na karatasi ya majina, akimpa kila anayepanda utani wake. Safari ilikuwa ileile ya kila Alhamisi: ngome kwanza, halafu jela ya zamani, chakula, kisha pango. Alikuwa ameshahesabu wageni kumi na watatu alipoinua macho akaona wa kumi na nne ni dada yake, mkoba kwapani na tiketi mkononi. Alikuwa amenenepa kidogo, na miwani aliyovaa ilikuwa ya kazi yake ya cherehani.

Walisalimiana kama watu wanaokutana kwenye foleni.

"Baba anakuita," alisema dada.

"Anaumwa?" Redio aliuliza, na swali lenyewe lilikuwa na kebehi ndani yake.

Dada alimnyooshea tiketi. "Anakuita tu."

"Basi mwambie nimesikia."

Alidhani amemkata maneno na ataondoka. Lakini dada alipanda, akaenda kukaa kiti cha nyuma kabisa, mkoba magotini. Redio akamwambia dereva aondoe gari.

Ngomeni alifanya kazi yake kama siku zote. Aliwaeleza wageni mizinga ilikuwa ikielekezwa wapi, akaigiza mlinzi aliyesinzia zamuni, wakacheka mpaka wakashika mbavu. Kila alipoongea alihakikisha kuna watu baina yake na dada yake. Dada akienda kulia, yeye kushoto. Miongoni mwa wageni alikuwepo mwalimu mstaafu, bibi mwembamba mwenye daftari, asiyeacha jambo lipite bila kuliuliza. Alisimama mbele ya kipande cha ukuta kilichokarabatiwa, akasema kwamba mawe ya hapo yamekaa vizuri kuliko ya pembeni, akataka kujua yamepangwa na nani.

"Mafundi fulani tu, wa juzijuzi," Redio alijibu, akageukia mnara.

Kwa pembe ya jicho alimwona dada yake ameweka kiganja juu ya mawe yale. Alikaa tu hivyo mpaka kundi likaondoka, ndipo akafuata.

Jela ya zamani nayo ilipita. Wakati wa chakula Redio alikaa na dereva, mtu mzima mwenye uso mpole aliyefanya naye kazi tangu mwanzo. Dereva alikula kidogo, kisha akasema yule mama wa kiti cha nyuma hajagusa sahani yake, na kwamba ametoka nje na simu mara tatu.

"Tena mmefanana pua," aliongeza. "Nani wako?"

"Dada yangu."

Dereva akaacha kutafuna. Aliuliza kwa nini basi mtu anakula huku na dada yake anakaa kule peke yake kama aliyefiwa. Redio alisema ni mambo ya nyumbani, marefu. Ila neno lile lilimgusa. Alinawa, akajikaza, akamwendea dada yake, akamwambia kwamba jioni wakirudi watakaa waongee yote, hata kama ni mpaka usiku.

"Jioni ni mbali, mdogo wangu."

"Nina watu kumi na wanne, Dada. Siwezi kuwatupa njiani."

"Na mimi ni mmoja wao," alisema dada, na kwa mara ya kwanza siku hiyo sauti yake ilitetemeka. Redio aliichukulia kuwa ni lawama. Alizijua lawama za nyumbani kwao. Zilianza polepole namna hiyo. Akaenda kugawa kofia ngumu na taa za kichwani.

Pango lilikuwa na mlango mdogo wa kuinama, kisha ngazi, halafu likafunguka kama ukumbi. Simu zilikata mawasiliano hatua kumi tu kutoka mlangoni. Ndani kulikuwa na unyevu na harufu ya udongo, na matone yaliyodondoka moja moja. Redio aliwaonyesha wageni mawe yaliyoning'inia kutoka juu, akawasimulia watu waliojificha humo na watoto wao zamani za vita. Kisha wakafika pale ambapo kila safari walizima taa kwa dakika moja, ili mtu aone giza halisi lilivyo. Akawaomba wasimame karibu karibu, wasiseme kitu. Taa zikazimwa moja baada ya nyingine.

Katika giza lile alisikia pumzi ya mtu nyuma ya bega lake, na harufu ya mafuta ya nywele aliyoyajua tangu utotoni. Dada yake alikuwa amepita katikati ya watu na kumfikia.

"Baba anaumwa," alinong'ona. "Alinikataza nisikwambie. Anaumwa kweli."

Papo hapo Redio akaiona tena ile ngazi ya ukuta wa jirani, na mwiko wa lipu, na ndoo. Watu kumi na watatu walikuwa wakisikiliza ukimya. Akapaza sauti ile ya kazi, yenye kicheko.

"Kuna mgeni anaongea gizani. Jamani, huyo ni popo au ni mke wa mtu?"

Pango zima likacheka, na kicheko kikarudi mara mbili kutoka ukutani. Taa zilipowashwa, dada yake alikuwa amesharudi nyuma ya kundi, uso ameuinamisha.

Walibaki mle ndani karibu saa nzima. Walipotoka, jua liliwaumiza macho, na wageni wakakaa kwenye mabenchi kuvua kofia. Redio alikuwa akizipokea, akizipanga, wakati simu ya dada ilipoanza kuita kwa ujumbe uliokuwa umesubiri. Ujumbe wa kwanza, wa pili, wa tatu. Dada alivaa miwani akasoma. Kisha akaivua, akaikunja, akaitia mkobani taratibu, kama mtu asiye na la kufanya tena.

Redio alimwendea na kofia nne mkononi. "Dada?"

"Basi," alisema dada yake. "Haraka imekwisha."

Shangazi yao, aliyeachwa kando ya kitanda cha hospitali, ndiye aliyeandika. Mzee alikata roho saa nane kasoro, wakati wao wamesimama gizani au wakipanda ngazi. Hakuna aliyeweza kujua hasa. Dada akaeleza kila kitu hapohapo benchini, kwa sauti ya chini, bila machozi. Figo zilikuwa zimekufa tangu mwezi uliopita. Juzi daktari alisema wa kuitwa aitwe. Mzee mwenyewe ndiye aliyemtuma, tena kwa sharti: "Usimwambie naumwa, hataamini, nilishaiharibu hiyo. Mwambie namwita tu." Yeye akaapa, akashika kiapo mpaka kilipomshinda mle pangoni.

Redio alisimama na zile kofia. Mwalimu mstaafu, ambaye hakuwa amesikia, akamwuliza mawe yale ya kuning'inia huchukua muda gani kukua kidole kimoja. Akamjibu. Akampa hesabu yote, miaka kwa miaka, sauti yake haijatikisika, na alipomaliza akakaa chini vumbini akashindwa kunyanyuka. Dereva ndiye aliyekuja kumshika kwapa. Ndiye pia aliyewaambia wageni, na hakuna aliyelalamika. Basi liliwapeleka wawili wale hadi stendi kuu, na mwalimu mstaafu, wakati wanashuka, alimpa dada leso yake safi.

Walifika hospitali jua likiwa bado lipo. Kitanda kilikuwa kimeshatandikwa shuka jingine. Chumba cha maiti waliruhusiwa dakika chache, na Redio, ambaye hakuwahi kukosa neno maishani, alisimama akitazama mikono ya baba yake, zile nyufa za chokaa ambazo hata wauguzi hawakuweza kuzisafisha.

Baada ya maziko watu walimliwaza kila mmoja kwa namna yake. Baba mdogo alisema mzee bila shaka alitaka kuomba radhi. Fundi mmoja, kati ya wale waliocheka siku ile, alisema mzee alikuwa akijisifu kazini kwamba mwanawe anazijua habari za ngome kuliko vitabu. Redio aliyapokea yote, halafu akamtafuta dada yake jikoni, akamwuliza baba alitaka kumwambia nini.

"Hakuniambia," alisema dada.

"Hata kwa kubahatisha?"

Dada aliacha sahani aliyokuwa akiosha. Angeweza kumtungia kitu. Mwingine angefanya hivyo. "Alisema mwite. Nikamwuliza nimwambie nini, akasema mwite tu. Siwezi kukuongezea, mdogo wangu. Nikikuongezea hata neno moja, utalishika maisha yako yote, na halitakuwa lake."

Akaendelea kuosha vyombo. Redio alichukua kitambaa, akawa anavipangusa kimoja kimoja mpaka vikaisha.

Alirudi kazini baada ya wiki mbili. Wageni wa Alhamisi hawajui kitu; wanacheka palepale walipokuwa wakicheka wenzao. Jioni akifika chumbani humpigia dada yake, na dada hupokea mlio wa kwanza. Mara nyingi hawana la kusema. Anasikia cherehani ikienda upande wa pili, anauliza kama amekula, dada anamjibu ndiyo, na wanakaa hivyo mpaka mmoja wao aseme haya, tulale.