Dalali Aliyeuza Kivuli cha Kichwa Chake

Mtaani walimwita Bwana Masharti, naye alilipokea jina hilo kama nishani. Alikuwa dalali wa vivuli. Watu waliuza nguvu ya vivuli vyao, na nguvu hiyo ndiyo iliyozungusha vinu na kusukuma maji mabombani. Seremala aliweza kuuza kivuli cha mkono na bado akapiga randa kama kawaida. Ukutani tu ndipo alipoonekana kigutu. Watu walizoea. Bwana Masharti ndiye aliyewazoesha.

Mkataba wa kivuli hautiwi saini. Uani kwake palikuwa na jiwe jeupe, bapa kama meza. Muuzaji husimama juani, hujisomea masharti kwa sauti, hunyoosha kiungo mpaka kivuli chake kilale juu ya jiwe, kisha husema, "Nimeridhia." Hapo jiwe hukikata. Halimjui mtu wala jina. Huchukua kilicholala juu yake neno linapotamkwa. Ndiyo maana dalali hutakiwa kukaa kibarazani, mbali, amefunga mdomo.

Kukaa mbali na kufunga mdomo hakukuwa katika vipaji vyake. Tena alikuwa na kidole kinene kilichoijua kazi: kila muuzaji alipokaribia kipengele cha mwisho, kidole kiliangukia hapohapo kwenye karatasi na kukifunika. Kipengele kilisema kwamba kivuli kikionekana dhaifu, kiwanda kitachukua na kilichobaki, mpaka kiridhike. Alikitunga mwenyewe, wenye vinu wakampigia makofi. Sasa aligombea uenyekiti wa Chama cha Madalali, na nyumbani alikuwa ameshaanza kuitikia "Mheshimiwa" kabla hajaitwa.

Wiki ya uchaguzi akaja mama mmoja dobi, kuuza kivuli cha mkono wa kushoto. Alisoma taratibu, akirudia kila mstari kama mtu anayesuuza shuka.

"Mama, unasoma au unapiga pasi?"

"Nasoma, baba. Hebu toa kidole, hapo chini sijaona."

"Hapo hapana kitu. Ni mapambo."

"Basi tuyaone hayo mapambo."

Dalali akapandwa na hasira. Akamwinamia begani, kichwa mbele, na jua mgongoni. "Watu wote wanasema neno moja tu, wewe linakushinda? Sema hivi: Nimeridhia!"

Mama dobi alikuwa bado hajaunyoosha mkono. Jiwe likalia kidogo, kama mkasi ukipita kwenye kitambaa. Wote wawili wakatazama chini. Kivuli cha dalali kilikuwa na tumbo, kilikuwa na mabega, kikaishia kwenye kola ya shati.

"Pole, baba," mama akasema, akijitwika beseni lake. "Ila umetamka vizuri."

Mkewe, mwalimu wa shule, alimtazama alivyoingia mlangoni, akasikiliza kisa chote, akaweka chaki zake mezani.

"Nenda chamani ukaseme ukweli. Masharti hayakusomwa yote, kwa hiyo mkataba ni batili. Utarudishiwa."

"Nikisema kipengele kilifunikwa, wataniuliza nani alikifunika. Si watafungua mikataba yangu yote? Na uenyekiti je?"

"Na jina la nyumba hii je?"

"Hilo jina ndilo ninalolitafutia kiti, mama watoto!"

Kiwandani, kivuli cha kichwa kilifungwa kwenye kinu cha kusaga. Kinu kikazunguka mara moja, kikasimama. Mafundi wakatia mafuta, wakagonga, wakasubiri. Mwishowe fundi mkuu akaja mwenyewe, kofia mkononi.

"Mheshimiwa, samahani sana. Kichwa hakina nguvu. Tumekijaribu hata kwenye pampu ya bustani."

"Basi kirudisheni!"

"Kipengele hakisemi hivyo, mzee. Unakijua kuliko sisi."

Wakachukua mabega, nayo yalikuwa hayajawahi kubeba kitu. Wakachukua tumbo, pampu ikakohoa kidogo. Wakamaliza na miguu. Kufikia siku ya uchaguzi, Bwana Masharti alipita juani kama mvuke.

Ukumbini, katibu wa chama aliuliza, kama kanuni inavyotaka kabla ya kupiga kura, kama kuna mwenye malalamiko juu ya mkataba wowote. Baada ya hapo mikataba yote ya mwaka hufungwa, haifunguliwi tena. Madalali wote walikuwa wamesikia habari zake. Wote walikuwa na mikataba ya namna ileile. Bwana Masharti alimtazama mkewe kwenye viti vya wageni, akakitazama kile kiti chenye mto mwekundu.

"Hakuna malalamiko," akasema.

Walimchagua kwa kishindo, na vifijo vilikuwa vya watu walioshusha pumzi.

Walirudi nyumbani kwa miguu, mume na mke bega kwa bega. Muuza mboga alikuwa ameinama akipanga mafungu yake, akaona kivuli kikipita.

"Shikamoo, mwalimu. Nasikia mzee kapata kiti. Mbona hukuja naye?"

"Niko hapa!" Bwana Masharti akafoka.

Muuza mboga akaruka, nyanya zikamtoka mkononi. "Nisamehe, mzee. Nimeona kivuli kimoja tu."

"Usijali, mwanangu," mwalimu akasema, akipanga vizuri mtandio wake. "Hata mimi nimeanza kuzoea kutembea peke yangu."