Mochi za Nkambo Zenye Chumvi

Juzi nilipita Evere, mtaa wa huku Ulaya, kwenye jengo tulilokaa nilipokuwa mtoto, nikasoma majina kwenye kengele. Letu halipo tena. La jirani wa ghorofa ya chini yetu, mama wa Kijapani, liliondoka zamani zaidi, na aliondoka na jibu ninalolitafuta mpaka leo.

Unajua shule za hapa Jumatano hufunga mchana. Mama alikuwa kazini, na magoti ya nkambo, bibi yangu aliyetoka Lubumbashi, hayakuziweza ngazi. Jirani alikuja shuleni kumchukua mwanawe, akanichukua na mimi. Kila Jumatano, miaka mitatu. Jikoni kwake kulinukia mchele, na hapo ndipo alipotufundisha mochi, kitafunwa kitamu cha kwao: unga wa mchele unaonata hukorogwa motoni mpaka uvutike na kung'aa, hukatwa vipande juu ya wanga wa viazi, kisha kila kipande hufunika donge la maharagwe mekundu yaliyopondwa na sukari. Ufanye haraka, maana ukipoa haukubali kuziba. Nilirudi nyumbani na vidole vyeupe na mochi chache.

Nkambo alionja moja, akatafuna kwa muda mrefu.

"Hii bukari yake iko muzuri," akasema, kana kwamba ule ni ugali. "Lakini maharagi na sukari? Donc chumvi iliisha mu nyumba yake?"

Kisha tukasikia kwamba jirani anarudi kwao. Nkambo hakuwa na Kifaransa cha kumshukuru, na Kiswahili jirani hakukijua.

"Muntu amenichungia mutoto trois ans," nkambo akasema, "na aende mikono wazi?"

Mama akanunua unga ule kwenye duka la Waasia. Nkambo akaibana sufuria kati ya miguu, akausonga kwa mwiko kama anavyosonga bukari, na ndani akatia maharagwe yake mwenyewe: mafuta, kitunguu, chumvi. Nilimwambia sivyo.

"Weye nyamaza. Akule kitu ya kwetu ndani ya kitu ya kwake."

Nilibeba sahani kwa aibu. Nyuma yangu nkambo alishuka ngazi moja moja, akishika ukuta. Jirani akauma. Taya zikasimama. Akanitazama mimi, akamtazama nkambo, akainamisha kichwa, akaimaliza.

Nkambo alikuwa na msemo wake: ya kwanza mgeni hula kwa heshima, ya pili hula kwa utamu. Tukangoja. Jirani akachukua ya pili, akaifunga kwa karatasi laini, akaitia kwenye mkoba wake.

"Umeona?" nkambo akaniambia tukipanda. "Ya pili amebeba."

"Kubeba si kula," nikamjibu. Nilikuwa mbishi hivyo tangu zamani. Akanigeuzia mgongo, akapanda akishika ukuta mpaka mlangoni kwetu, na ngazi zile zilikuwa nyingi.

Siku hizi mochi zinauzwa zimegandishwa, zina aisikrimu ndani, na hakuna alama ya kidole cha mtu. Nkambo hayupo. Jumapili nilibana sufuria kati ya miguu, nikatia chumvi na kitunguu. Ya kwanza niliila kwa heshima. Ladha yake ni ya ajabu, sikudanganyi. Ya pili nikaifunga kwa karatasi laini, nikatoka nayo. Kwenye kituo cha tramu njaa ikanishika, nikaifungua, nikaila yote nikiwa nimesimama.

Nkambo, ungeniambia tena leo pale kwenye ngazi kwamba ya pili amebeba, ningekushika mkono na kunyamaza.