Mawe ya Nyumba ya Bi Mwanaidi

Nilirudi Unguja kwa sababu ya nyumba. Bi Mwanaidi wa Makunduchi, mwenzangu wa miaka mingi katika kudai haki za wanawake, alinipigia simu Dar es Salaam. Ameachwa uzeeni, na mtalaka wake anamtaka atoke katika nyumba aliyoijenga kwa jasho la kulima mwani, nyumba ambayo hata mimi nilibeba mawe yake. Sheha, kiongozi wa serikali pale kijijini, angesikiliza shauri Alhamisi. "Asokuwapo na lake halipo," akaniambia. Nikafunga mkoba.

Alhamisi asubuhi, Mji Mkongwe. Nilisali misa Minara Miwili, kanisa nililobatiziwa. Nje harufu ya mkate wa ufuta ilinirudisha usichanani. Hapo mlangoni ndipo padri mmoja aliponishauri niache mambo ya wanawake nishughulike na maua ya altare. Maua niliyapanga, na haki nikaendelea kuidai. Nilipita mtaa wa Mpendae kuitazama nyumba tuliyokuwa tukifanyia mikutano yetu, mimi na rozari yangu, Bi Mwanaidi na tasbihi yake. Sasa ni duka la simu. Nilihuzunika kuliko nilivyotarajia.

Njia nzima ya kusini nilikuwa nikipanga hotuba. Nimehutubia mikutano maisha yangu yote, najua pa kupandisha sauti.

Makunduchi, adhuhuri. Bi Mwanaidi amekonda, lakini ulimi ni ule ule. Alinitania kwamba bado natembea kama mtu anayewahi kengele ya kanisa. Nilipomweleza hotuba yangu alicheka.

"Shoga, leo usihutubu. Watasema maneno yametoka Bara. Kaa nami tu."

Niliumia, sifichi.

Alasiri watu walikusanyika uani. Bwana Haji, mtalaka wake, alisema kiwanja ni chake na nyumba kaijenga yeye. Karatasi hapakuwa na hata moja. Ndipo wanawake waliomsaidia Bi Mwanaidi siku zile za ujenzi wakaanza kuinuka. Wa kwanza aliweka kiganja kwenye ukuta wa jiko.

"Mawe ya hapa nlibeba mie."

Wa pili akaenda dirishani, akasema vivyo hivyo. Wa tatu, mkongwe, akashikwa mkono mpaka kwenye msingi. Walipomaliza, wote wakanigeukia. Nikaenda mlangoni.

"Ya hapa nlibeba mie," nikasema, nikarudi kukaa. Sijawahi kutoa hotuba fupi kama ile.

Sheha akamuuliza Bwana Haji kama ana la kujibu. Mzee aliutazama ukuta.

"Wamebeba," akasema taratibu. "Na maji ya kukorogea chokaa wakateka wao."

Sheha akaamua nyumba ibaki kwa Bi Mwanaidi. Usiku ule tulilala chumba kimoja, tukicheka kama wasichana.

Kesho yake, kabla ya kuvuka kurudi Dar es Salaam, nilipiga magoti tena Minara Miwili. Miaka yote nimemwomba Mungu anipe maneno. Safari hii nilimshukuru kwamba siku ile ya ujana nilikubali kujitwika jiwe.