Korongo anatafuta nini penye chumvi?

Saa moja asubuhi, Naswiba Biira amesimama mikono kiunoni juu ya ukuta wa udongo unaozunguka kidimbwi chake cha chumvi, kwenye ziwa la Katwe, karibu na mpaka wa Kongo. Hana habari na mgeni aliyekuja na daftari. Anamkodolea macho ndege.

Ni korongo mkubwa, urefu wake unakaribia bega la Naswiba. Kichwa na shingo vina rangi ya kutu, mgongo wa kijivu, miguu myeusi. Amesimama peke yake majini, hatikisiki, kama askari aliyewekwa lindoni.

"Ndege hii kazi yake ni samaki, na hapa samaki haiko," anasema. "Nilijiuliza, inatafuta nini kwangu?"

Mjane huyu wa miaka 46, mama wa watoto wanne, ana miaka kumi na tisa kwenye chumvi. Kiangazi kizuri humpa magunia sita kwa mwezi, na wachuuzi wa Bwera, mji wa mpakani, huyavusha hadi Kongo. Mwezi uliopita hakupata hata moja. Chumvi iligoma kuganda.

Alijua wa kumlaumu, au alidhani anajua. Mbele ya wachimbaji wote alimshtaki jirani yake Fidèle, mkimbizi kutoka Butembo, kwamba anatoboa ukuta usiku na kumwingizia maji yasiyo na chumvi. Kila asubuhi alichota maji ya kidimbwi chake upande unaopakana na Fidèle, akayaonja kwa ulimi kama wafanyavyo watu wa Katwe, akatema. Yalikuwa na chumvi kali kama kawaida. Hata hilo akaliona ni ujanja wa jirani.

"Mama, miye sikutoboa kitu," Fidèle alimwambia. "Angalia ile ndege. Iko nakula byura."

Naswiba alidhani anazugwa, mpaka juma lililopita alipoona kwa macho yake. Korongo alipiga mdomo mara moja, akainua chura mnene, akammeza mzima mzima. Naye chura haishi kwenye chumvi.

Naswiba akaenda kuonja pale pale aliposimama korongo, upande wa kilima, ambako hakuwahi kuonja kwa sababu hakuna jirani wa kumshuku. Maji hayakuwa na chumvi. Chemchemi ndogo ilikuwa imezuka chini ya nyasi.

Aliiziba kwa siku mbili. Fidèle alikuja na jembe lake bila kuitwa, wakafanya kazi pamoja.

"Mpaka leo sijamwambia pole ya kumsingizia," anakiri. "Aibu ilinifunga mdomo."

Korongo anaruka ghafla, mabawa yakipiga polepole, miguu ikining'inia nyuma. Anatua ng'ambo ya ukuta, kwenye kidimbwi cha Fidèle, upande wa kilima.

Fidèle hajafika. Naswiba angeweza kunyamaza. Anavuka ukuta, anachota maji kiganjani, anaonja. Safari hii hatemi, anameza: maji hayana chumvi.

"Tutachimba mfereji mmoja huko juu, upitishe maji haya kando ya kwangu na kwake, kabla ya mvua," anasema, akitazama njia anayopitia jirani yake. "Lakini akifika, nitaanza na pole."