Kandambili ya Mke wa Kinyozi

Pale mpakani mtu hakai foleni. Kandambili yake ndiyo inayokaa. Jua lilikuwa la kuua. Wasafiri wakakubaliana kila familia iweke moja mbele ya geti, wenyewe wajisitiri ghalani. Mstari ukisogea, husogezwa zote. Kinyozi na mkewe waliweka ya mke, nyekundu.

Kinyozi alinyoa watu penye kivuli cha ukuta, wafanane na picha za hati zao.

"Mzee, nitoe kama huyu," dereva wa lori alimwambia, akimwonyesha picha ya hati yake.

"Huyu ana mashavu, ndugu yangu. Wembe hauongezi mashavu."

Mkewe alicheka mpaka akakohoa. Kikohozi hicho ndicho kilichowakimbiza. Binti yao, ng'ambo ya geti, alishapata daktari. "Baba, mlete mama tu."

Walikuwa wamekula ng'ombe mzima, umebaki mkia. Alfajiri, geti halijafunguliwa, mke akakata roho.

Wanawake wa ghalani wakamwosha. Kaburi likachimbwa nyuma ya ghala, kwenye mchanga. Muuza mboga, jirani yao wa mkeka, aliona si vizuri kiatu cha marehemu kibaki juani kama hakina mwenyewe. Akaenda akakichukua, wakamzika nacho. Alijua anatenda wema.

Kinyozi hakumpigia binti. Habari kama ile, alisema, haipewi mtu kwenye simu. Leo zamu yake ingefika. Angevuka, amwambie kwa kinywa chake, amshike.

Alipofika getini hakukuta hata pengo.

"Nafasi yangu ni hapa."

"Pole sana, mzee wangu. Kandambili haipo." Ni yule dereva, kichwa kimenyolewa vizuri, macho chini. "Nikikuingiza, huko nyuma watanila nyama."

Askari akaita, dereva akapita. Geti likafungwa.

Muuza mboga alishika kichwa. "Jamani, nimefanya nini mimi!"

"Hukufanya kitu, mwanangu."

Simu ikalia.

"Baba, daktari yuko hapa. Mmefika wapi?"

"Foleni."

"Bado tu? Haya, mpe mama niongee naye."

Kinyozi akamnyooshea muuza mboga ile simu. Yule akarudi nyuma, mikono mgongoni.

"Baba? Mpe mama. Baba?"

Akabaki ameishika hivyo hivyo, mkono umenyooka, na sauti ya binti inatoka, mpaka chaji ikaisha.